Mwalimu Aliyevalisha Sinema

Sisi wakazi wa Himo tunajua thamani ya fundi cherehani. Kila shule zinapokaribia kufunguliwa mwezi Januari, cherehani hulia barazani tangu asubuhi, kwa sababu mtoto asiye na sare huona haya kuingia darasani. Katika miaka yangu ya ualimu mkuu nilijifunza kwamba vazi humsemea mtu kabla yeye mwenyewe hajafumbua kinywa. Watu wa tamthilia huyaita mavazi ya jukwaani maleba, na historia ya sinema haikamiliki bila kuwataja walioyabuni.

Mmoja wao ni Edith Head, aliyezaliwa California, Marekani, mwaka 1897. Huyu alikuwa mwalimu mwenzetu. Mwaka 1920 alipata shahada ya uzamili ya lugha katika Chuo Kikuu cha Stanford, kisha akafundisha Kifaransa shuleni. Alipotakiwa kufundisha na uchoraji, somo asilolijua, alijiandikisha katika masomo ya jioni ili awatangulie wanafunzi wake japo kwa hatua moja. Walimu wangapi hatujafanya hivyo!

Katika miaka ya 1920 aliomba kazi ya kuchora mavazi katika studio iliyokuja kujulikana kama Paramount. Alipeleka michoro ya wanafunzi wenzake kana kwamba ni yake, akaajiriwa. Baadaye alisimulia kisa hicho mwenyewe, bila kificho. Alibaki Paramount hadi 1967, akahamia Universal, na akafanya kazi mpaka alipofariki mwaka 1981. Alipata tuzo 8 za Oscar, idadi ambayo hakuna mwanamke mwingine aliyeifikia.

Sisi watu wa Kaskazini tunamhusu pia. Filamu ya Hatari!, iliyotoka mwaka 1962, ilipigwa huku Tanganyika kabla ya Uhuru, na jina lake ni neno letu. Howard Hawks aliitayarisha na kuiongoza, John Wayne akaigiza mkamata wanyama, na mavazi yalibuniwa na Edith Head. Mtazamaji huona mashati ya vumbi na kofia, akadhani kila mtu amevaa alichokikuta sandukuni. Sivyo. Tukio moja la filamu huweza kupigwa kwa vipande, siku mbalimbali, na shati lisilofanana na la jana huharibu kazi nzima. Kwa hiyo vazi hushonwa zaidi ya moja, na uchakavu wake hupangwa. Ubunifu wa namna hiyo ni mgumu, kwa kuwa ukifanikiwa hauonekani.

Lakini kuna jambo linalonisumbua. Mwaka 1954 ilitoka filamu ya Sabrina. Baadhi ya magauni mashuhuri aliyovaa Audrey Hepburn yalibuniwa na Hubert de Givenchy wa Paris. Oscar ya mavazi akapewa Edith Head peke yake, na Givenchy hakutajwa.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Mtu hawezi kudumu kazini zaidi ya nusu karne kwa michoro ya kuazima. Mama huyu alijifunza, akaijua kazi kuliko waliomwajiri. Mimi niliyesahihisha madaftari kwa miaka mingi ningempa sifuri mwanafunzi aliyeleta kazi ya mwenzake, lakini ningemwelewa kijana aliyebisha hodi akiwa hana kitu mkononi. Ninaloshindwa kulielewa ni kunyamaza miaka thelathini baadaye, wakati jina lake lilikuwa limeshakuwa kubwa na kumtaja mwingine kusingempunguzia chochote.

Barazani kwetu nako ndivyo ilivyo. Fundi mkuu husifiwa kwa gauni la harusi, na binti aliyetia nakshi usiku kucha hubaki nyuma ya pazia akiokota vipande. Wenye vibanda hivyo wengi wao nimewafundisha mimi, na nawaomba jambo dogo: mteja anaposifu gauni, mwiteni binti aje mbele, mtajeni kwa jina lake. Sifa hiyo itampatia mteja wake wa kwanza.