Taa Zilizoelekezwa Baharini

Watembeza wageni wakifika mbele ya jumba la Beit al-Ajaib, pale Forodhani, Unguja, hawaachi kusema kwamba hili ndilo jengo la kwanza Afrika Mashariki kuwashwa taa za umeme. Sifa hiyo naijua tangu nikiwa skuli. Lakini mimi ni mtoto wa Ng'ambo, upande wa pili wa kijito kilichokuwa kikiutenga mji wa mawe na nyumba zetu za udongo na makuti, na kila nikiisikia najiuliza: taa zile zilimmulikia nani?

Aliyelijenga ni Sayyid Barghash bin Said, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888. Kabla ya kushika kiti alijaribu kumpindua kaka yake Majid, akashindwa, akapelekwa uhamishoni Bombay. Huko aliona jinsi mji mkubwa wa bandari unavyokuwa. Mwaka 1872 kimbunga kikaing'oa mikarafuu ya Unguja na kuvunja vyombo bandarini. Mwaka uliofuata Waingereza wakamlazimisha afunge soko la watumwa. Mwaka 1875 akaalikwa Uingereza. Mtawala aliyebanwa namna hiyo alitaka kuonekana kuwa bado mkubwa. Alileta maji ya mfereji mjini, jambo ambalo namshukuru kwa dhati. Kisha mwaka 1883 akasimamisha Beit al-Ajaib, na nguzo zake za chuma na baraza zilizozunguka kila ghorofa. Haikuwa nyumba ya kulala. Ilikuwa ya barza na sherehe, na uso wake ulitazama bahari.

Mbele yake ulisimama mnara wa taa. Taa zake zilipangwa nyingi mno hata mabaharia wa Kiingereza wakauita mti wa Krismasi wa Sultani. Nahodha aliyeingia usiku aliuona mwanga huo kabla hajaona paa hata moja la mji. Hilo ndilo jibu la swali langu. Taa zilimmulikia mgeni atokaye baharini, ajue kwamba hapa pana dola. Na fedha za dola hiyo zilitoka kwenye pembe za ndovu na karafuu, na karafuu wakati ule zilichumwa na watumwa. Soko lilifungwa, utumwa haukufungwa. Watu wengi walioachwa huru baadaye walihamia huku kwetu Ng'ambo. Hao ndio waliolipia mwanga wasiouwasha.

Kilichoonekana vizuri kutoka baharini kililengwa vizuri kutoka baharini. Tarehe 27 Agosti 1896, Khalid bin Barghash alipokataa kushuka kwenye kiti alichokikalia bila idhini ya Waingereza, manowari zao zilifyatua mizinga saa tatu asubuhi. Saa moja haikutimia mapigano yakaisha. Watu kiasi cha 500 upande wa Khalid waliuawa au kujeruhiwa. Jumba la jirani, Beit al-Hukm, likabomoka na mnara wa taa ukaharibika vibaya, usijengwe tena. Beit al-Ajaib ilisalimika, na katika matengenezo yaliyofuata ikawekewa mnara wa saa kwenye uso wake.

Ng'ambo tulikuwa na historia yetu ya mwanga, na haina kibao ukutani. Mafuta ya taa yalikuja kwa meli ndani ya madebe. Debe likimalizika halikutupwa: lilichotea maji, lilipimia nafaka, na likichoka lilikatwa, likanyooshwa kwa nyundo, likawa bati la paa. Makopo madogo yaliishia kuwa koroboi. Bibi yangu mzaa mama alizitengeneza mwenyewe. Alichukua kopo la maziwa, akatoboa kifuniko kwa msumari, akasokota utambi kutoka kanga kuukuu, na sharti utambi ubane tundu barabara, la sivyo moto unaingia ndani. Alimimina mafuta kwa kukisia, akasubiri utambi unywe, ndipo akawasha. Koroboi ilitoa mwanga wa kumtosha mtu mmoja anayesoma na moshi wa kuitosha nyumba nzima. Asubuhi tulipenga kamasi nyeusi. Kandili ilitolewa akija mgeni. Karabai ilikodiwa siku ya maulidi au harusi, na aliyejua kuipampu aliheshimiwa, maana kile kitambaa chake chembamba kikishaungua kinapukutika kwa kuguswa tu. Ninaposikia mafundi wa umeme wa Sultani wakisifiwa, namfikiria fundi wa karabai.

Mwanzoni mwa karne iliyopita kampuni ya Kimarekani, Arnold, Cheney, ilipewa kazi ya kutandika reli ya Bububu na kusambaza umeme. Nguzo zilianza kwa ofisi na kwa wenye mali. Ng'ambo ilisubiri muda mrefu. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Mzee Karume, rais wetu wa kwanza, aliamuru yajengwe magorofa, ya Michenzani yakiwemo, yenye umeme na maji ndani. Wapo wanaoyaona mabaya kwa sura. Mimi sikubali: yalikuwa majengo makubwa ya kwanza Unguja ambayo taa zake ziliwashwa kwa ajili ya watu wa kawaida waliomo ndani.

Tangu 1980 umeme wetu unatoka bara kwa kebo iliyolazwa chini ya bahari. Mwaka 2008 njia hiyo ilipata hitilafu, na kisiwa kizima kikakaa gizani kiasi cha mwezi mmoja. Mwisho wa 2009 ikaharibika tena, safari hii kwa miezi mitatu. Pampu zilisimama, tukarudi visimani. Mahoteli yaliunguruma kwa majenereta yao; vibandani wakauza koroboi.

Siku ya Krismasi ya 2020 sehemu ya Beit al-Ajaib iliporomoka wakati ikitengenezwa, ikaua watu wawili. Nililia. Nataka ijengwe, na irudi kuwa makumbusho kama ilivyokuwa. Ila wanaopanga vyumba vyake nawaomba chumba kimoja kiwe cha Ng'ambo: karabai, debe lililonyooshwa, na paneli ya jua iliyofungwa na mmoja wa wale kina mama wa vijijini wanaofundishwa ufundi wa sola pale Kinyasini, ambao leo wanawasha taa kwenye nyumba ambazo nguzo hazijazifikia.