Ifahamu milima ya Songwe, kuanzia Undali hadi Ngualla

Ukiuliza milima ya Nyanda za Juu Kusini, wengi watakutajia Rungwe, wenye kama mita 2,960, au Loleza ulioegemewa na Jiji la Mbeya. Songwe haitajwi kabisa. Mkoa huu uliomegwa Mbeya mwaka 2016 hauna kilele cha kujitapa nacho, lakini vilima vyake vina mambo.

Anzia Ileje. Pale Mpemba, jirani na Tunduma, unakamata lami hadi Isongole. Ukiendelea mashariki unaingia milima ya Undali, kwa Wandali, ambako watu wanalima hadi kwenye miteremko mikali. Mto Songwe, mpaka wetu na Malawi, unapita huko kuelekea Ziwa Nyasa. Usichanganye, maana kuna Songwe nyingine inayokwenda kaskazini hadi Ziwa Rukwa.

Mbozi ni nchi ya juu yenye kahawa. Huko ndiko kiliko kilima cha Marengi, na kwenye mteremko wake ndipo kilipo Kimondo. Kina urefu wa kama mita 3 na kinakadiriwa kuwa na tani 16, sehemu kubwa chuma (asilimia 90 hivi), kingine nikeli. Wenyeji walikijua zamani, ila kwa wageni habari zake zinaanzia 1930. Kilikuwa kimefukiwa nusu. Udongo ukachimbwa kukizunguka, na sasa kimekaa juu ya kitako cha zege. Kama hujafika, nenda. Malori ya Tunduma yanapita jirani kila siku bila kusimama.

Kinachofuatiliwa zaidi kwa sasa ni Ngualla, Wilaya ya Songwe. Ndani ya kilima hicho kuna madini adimu, hasa neodimiamu na praseodimiamu, yanayotengeneza sumaku za mota za magari ya umeme na mitambo ya upepo. Mwaka 2023 Serikali ilisaini mkataba na wawekezaji, ikabaki na hisa asilimia 16 katika kampuni ya Mamba Minerals, na leseni kubwa ya uchimbaji ikatolewa.

Asilimia 16 ni ya taifa zima. Wa Ngwala, kijiji cha jirani, wana maswali yao: ajira zitakwenda kwa nani, maji ya mgodi yatatoka wapi, na barabara ya kutoka huko itajengwa lini.