Mwalimu wa Tabora na Kiti cha Baraza

Mji wa Tabora ulijulikana kwa misafara kabla haujajulikana kwa shule. Katika karne ya 19 njia kuu iliyotoka Bagamoyo ilipanda bara hadi Unyanyembe, na hapo ikagawanyika: moja ikashika upande wa Ujiji, nyingine ikaelekea kaskazini, Karagwe na Buganda. Wapagazi wa Kinyamwezi walioteremka pwani na pembe za ndovu walirudi na nguo, shanga, na lugha. Kiswahili kilikuwa kimekwisha kuzoeleka Tabora kabla ya serikali yoyote kukifundisha darasani, na jambo hilo lina sehemu yake katika habari ya mwalimu mmoja aliyepata kuwa mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika.

Julius Nyerere aliingia shule ya serikali ya Tabora mwaka 1937. Alirudi mjini humo mwaka 1946, baada ya masomo ya Makerere, akasomesha biolojia na historia katika shule ya St. Mary's hadi mwaka 1949, huku akishughulika na tawi la chama cha TAA. Habari za Edinburgh, za Pugu, na za kuzaliwa kwa TANU mwaka 1954 zimekwisha kuandikwa sana, wala hapana haja ya kuzirudia. Itoshe kusema kwamba Machi 1955, alipotakiwa kuchagua baina ya darasa na siasa, aliliacha darasa.

Barazani aliketi kwanza kwa kuteuliwa: kwa muda mfupi mwaka 1954, kisha tena Julai 1957 kwa uteuzi wa Gavana Twining. Desemba mwaka ule ule alijiuzulu, kwa kuwa maombi ya chama chake yalikuwa yakikataliwa. Kiti cha kupewa hakikuwa na nguvu ya kumlazimisha yeyote kusikiliza.

Kiti cha kuchaguliwa nacho kilikuwa na masharti machungu. Kila mpiga kura alitakiwa kuchagua watu watatu, Mwafrika, Mzungu na Mwasia, la sivyo kura yake ingeharibika. Tena hakuandikishwa ila mtu mwenye pato la pauni 150 kwa mwaka, au elimu ya darasa la nane, au cheo cha namna fulani. Wengi katika TANU waliona ni heri kususa, na mtu asidhani walikuwa wajinga. Zuberi Mtemvu na wenziwe walikuwa na hoja nzito: mwenye kukubali kura ya namna hiyo amekubali ubaguzi ulio ndani yake.

Mkutano mkuu ulikutana Tabora Januari 1958, ukazungumza kwa Kiswahili. Hapo ndipo ualimu ulipofanya kazi. Husimuliwa kwamba Nyerere alitoa mfano wa mwenye shamba ambaye hana budi kupita topeni ili ayafikie mazao yake. Mimi naona ugumu ulikuwamo hata katika neno lenyewe. Asili ya kura ni bahati nasibu. Watu walipiga kura ili kugawana kitu pasipo ugomvi. Sasa walielezwa kura inayotaka hesabu na nia, tena kura tatu kwa mkupuo mmoja, mbili kati yake kwa watu ambao wengi wao hawakupata kuketi nao barazani kwao. Ufafanuzi wa namna hiyo si kazi ya hotuba ya kuchochea. Wajumbe walikubali kushiriki, na uamuzi huo ukaitwa Uamuzi wa Busara. Mtemvu alitoka chamani akaunda African National Congress.

Uchaguzi ulifanywa kwa vipindi viwili, Septemba 1958 na Februari 1959, na TANU pamoja na Wazungu na Waasia iliowaunga mkono ikashinda. Hesabu iliyotungwa ili kukipunguza chama hicho nguvu ilikiongezea wajumbe wa rangi zote tatu. Nyerere mwenyewe hakusimama upande wa Tabora. Alichaguliwa na Jimbo la Mashariki, ambalo lilikuwa na Bagamoyo ndani yake, pale ilipoanzia njia ya misafara. Akaenda kuketi katika Baraza lililojadiliana kwa Kiingereza, kwa idhini iliyopatikana kwa Kiswahili mjini Tabora.