Utawanyiko: neno tulilokuwa nalo kabla ya diaspora

Kumsenga ni kata ya wilaya ya Kibondo, na Kibondo inapakana na Burundi. Muha wa upande huu na Mrundi wa ng'ambo wanaelewana kila mmoja akisema lugha yake. Mwaka 1972 watu walivuka kwa makundi kuja upande huu wakikimbia mauaji, 1993 wakavuka tena, na 2015 tena. Watu hao redio na magazeti yetu huwaita wakimbizi. Watanzania walioko Houston au Muscat huitwa diaspora. Anayesikiliza maneno haya mawili kila siku atadhani kwamba diaspora ni mtu anayetuma pesa na mkimbizi ni mtu anayegawiwa chakula. Hapo ndipo istilahi inapoharibika, maana neno diaspora halikuzaliwa kwa ajili ya wanaotuma pesa. Lilizaliwa kwa ajili ya Wayahudi.

Ni neno la Kigiriki, na mzizi wake ni kitendo cha mkulima anayemwaga mbegu huku na huku shambani. Wayahudi wa Alexandria, mji wa Misri ambako wengi wao walikuwa hawajui tena Kiebrania, walianza kuitafsiri Torati kwa Kigiriki katika karne ya 3 KK. Katika Kumbukumbu la Torati sura ya 28, penye laana kwa watu watakaoliacha agano, watafsiri wakaweka neno hilo. Kwa hiyo mwanzoni diaspora ilikuwa adhabu. Ila waliokuwa wakiandika hivyo walikuwa wenyewe wanaishi ugenini, wana nyumba za sala, wana biashara, wana watoto waliozaliwa huko, na wengi wao hawakuletwa na mtu kwa nguvu.

Waliotafsiri Biblia kwa Kiswahili walikutana na neno hilo, wakaandika Utawanyiko. Limo katika Biblia ya Union Version, katika Yohana sura ya 7 na katika salamu za mwanzo za Waraka wa Kwanza wa Petro, na limeandikwa kwa herufi kubwa kama jina la watu. Kwa hiyo muumini wa Kibondo au Kasulu aliisoma istilahi hii kanisani miaka mingi kabla wizara yoyote haijaanza kusema diaspora. Kwangu mimi hii ndiyo tafsiri bora tuliyo nayo, na sababu imo ndani ya sarufi yenyewe.

Kiswahili kina hama, hamia, hamisha, na kina tawanya, tawanyika. Uhamisho unatokana na hamisha: yupo aliyehamisha, na yupo aliyehamishwa. Ndiyo maana tunasema uhamisho wa Babeli, kwa kuwa Nebukadreza, mfalme wa Babeli aliyewahamisha Wayahudi, anajulikana na mwaka unajulikana, 586 KK. Utawanyiko unatokana na tawanyika, kitenzi kisichomtaja mtendaji. Watu wanaweza kutawanyika kwa sababu polisi wamewatawanya, na wanaweza kutawanyika kwa sababu mkutano umekwisha. Kiebrania nacho kinatenganisha hivyo hivyo: kina galut, yaani hali ya kuwa umeng'olewa kwenu, na kina tefutzot, yaani kutapakaa mahali pengi. Tukitumia neno moja la kigeni kwa yote mawili tunapoteza kitu ambacho lugha yetu tayari inakijua. Na tusilichanganye na mtawanyiko, ambalo walimu wa jiografia wanalitumia kwa jinsi watu walivyoenea katika eneo. Mtawanyiko unahesabika kwenye ramani. Utawanyiko unahitaji kumbukumbu.

Tazama yaliyowapata Wayahudi. Mwaka 538 KK Koreshi wa Uajemi aliwaruhusu kurudi Yerusalemu. Wengine walirudi, na wengi walibaki Babeli. Uhamisho ulikuwa umekwisha kisheria, kwani mlango ulikuwa wazi, lakini utawanyiko uliendelea kwa hiari ya watu wenyewe. Mwaka 70 BK Warumi wakalibomoa Hekalu, na taifa hilo likabaki bila mfalme, bila madhabahu na bila mji mkuu. Mwalimu wa Torati Yohanan ben Zakkai na wenzake wakakusanyika Yavne, mji mdogo wa pwani, wakaanza kazi ya kuifanya elimu na sala zishike nafasi ya sadaka. Mnamo mwaka 200 BK Mishna, mkusanyo wa sheria za mapokeo yao, ikakamilika, na karne tatu hivi baadaye kule Babeli, kwa wale ambao babu zao hawakurudi, ikakusanywa Talmudi, yaani maelezo juu ya Mishna, iliyokuja kuongoza maisha ya Wayahudi kutoka Yemeni hadi Polandi. Kitabu kilichowashikanisha watu wa nchi nyingi hivyo kilitungwa ugenini. Ile mbegu ya Wagiriki ilikuwa imeota.

Hapo ndipo neno taifa linapotusumbua. Siasa zetu zimetuzoesha kwamba taifa lina bendera, mipaka na rais. Biblia ya Kiswahili inasema Mataifa ikimaanisha wote wasio Wayahudi, na papo hapo Israeli nayo inaitwa taifa. Utata huo haukuanza na watafsiri wetu. Mwaka 1789 mbunge wa Ufaransa, Clermont-Tonnerre, alitetea Wayahudi wapewe haki zote kama watu binafsi na wanyimwe zote kama taifa, na mwaka 1791 wakapewa uraia. Karne moja baadaye, Basel 1897, Theodor Herzl na wenzake, walioitwa Wazayoni, wakadai kinyume chake: Wayahudi ni taifa, na taifa linahitaji nchi. Mwaka 1903 serikali ya Uingereza ilipendekeza wapewe nyanda za Uasin Gishu, ambazo leo ziko Kenya ingawa mpango huo unaitwa wa Uganda. Wanandi na Wamasai wa huko hakuna aliyewauliza. Mwaka 1905 mkutano wa Wazayoni ukaukataa mpango huo. Yakafuata mauaji ya Wayahudi milioni sita huko Ulaya, kisha mwaka 1948 dola ya Israeli, na Wapalestina laki saba hivi wakawa nao wametoka makwao. Hata leo Wayahudi wengi wanaishi nje ya Israeli.

Turudi huku kwetu, maana istilahi hupimwa kwa mambo ya karibu. Katikati ya miaka ya 1980 mwanaanthropolojia Liisa Malkki aliishi na Warundi wa 1972 katika makazi ya wakimbizi ya Mishamo, na pia Kigoma mjini. Kitabu chake kilitoka 1995. Mishamo alikuta watu wanaosimuliana historia ya kwao kwa mpangilio ule ule, kutoka kwa mzee hadi kijana, na wanaojiona taifa lililo ugenini likisubiri kurudi. Mjini alikuta watu wa asili ile ile, waliokimbia mwaka ule ule, wameoana na wenyeji, wanafanya biashara, na wengi hawataki kabisa kuitwa wakimbizi. Kwa istilahi yetu, wa Mishamo walikuwa utawanyiko na wa mjini walikuwa wameanza kuwa Wakigoma.

Kisha yakatokea yaliyofanana na ya Babeli. Mwaka 2007 Warundi wa 1972 walioko katika makazi kama Mishamo waliulizwa wachague kurudi au kuomba uraia wa Tanzania. Sehemu kubwa waliomba kubaki, na mwaka 2014 watu wapatao 162,000 wakaanza kupewa hati za uraia. Ukimbizi wao ulikwisha kwa hati. Kama utawanyiko nao umekwisha, hilo halijibiwi na serikali. Linajibiwa na yale wanayowafundisha watoto wao.

Abayudaya, Wayahudi wa Mbale, Uganda, wanatukinga na kosa jingine. Mwaka 1919 Semei Kakungulu, mkuu wa vita wa Kiganda, alifuata dini ya Kiyahudi kwa kuisoma Biblia, bila babu aliyetoka Yerusalemu. Baadaye Idi Amin akaipiga marufuku dini hiyo, Abayudaya wakaishika kwa siri, na leo wana masinagogi yao na rabi wao, Gershom Sizomu. Ni Wayahudi, lakini hawakutawanyika kutoka popote. Wako kwao. Anayewaita diaspora ya Kiyahudi anasema lisilo kweli.

Basi waandishi wa habari, walimu na watafsiri, naomba tuyatenganishe maneno haya. Mkimbizi ni hadhi ya kisheria: walioko katika kambi kama Nyarugusu waitwe hivyo. Uhamisho ni tendo la kung'olewa kwa nguvu. Ughaibuni ni mahali, na anayefanya kazi Muscat yuko ughaibuni hata kama hana chama wala kumbukumbu ya pamoja na yeyote. Utawanyiko tuuweke kwa watu walioenea nchi nyingi na bado wanafundishana kwamba wao ni wamoja. Na BAKITA, baraza la Kiswahili la taifa, ikiwa itapitia upya istilahi za historia kwa ajili ya shule, iliweke neno hili mbele ya diaspora.