Boya Halijitunzi: Historia ya Njia za Meli za Port Bell

Ukubwa wa Ziwa Victoria humdanganya mgeni. Maji yake yametanda kilomita za mraba 68,800 hivi, lakini kina chake kirefu kabisa ni mita 80 na kidogo tu, ilhali Tanganyika linapita mita 1,400. Kwa nahodha anayeng'oa nanga Port Bell, bandari ya Kampala iliyoko Luzira, maana yake ni kwamba chini ya meli kuna miamba na mafungu ya mchanga, na mbele yake kuna visiwa vingi, vikiwemo 84 vya Ssese. Ndiyo maana historia ya usafiri wa ziwa hili ni pia historia ya alama za njia, na ya swali lisilokwisha: nani wa kuzitunza?

Zamani alama hizo zilikaa vichwani mwa watu. Buganda ilikuwa na kundi kubwa la mitumbwi ya vita na biashara chini ya Gabunga, mkuu wa ukoo wa Mamba, na wapiga makasia wa Ssese walizijua rasi, pepo na mawe ya ziwa kwa kurithishana. Henry Stanley alipolizunguka ziwa mwaka 1875 kwa mashua yake, Lady Alice, ujuzi huo ulianza kuhamia kwenye karatasi. Kazi ya kupima kwa makini ufuo na kina ilifanywa na Kamanda Whitehouse wa jeshi la majini la Uingereza, mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20.

Ramani zilihitajika haraka kwa sababu meli za mvuke zilikuwa njiani. William Mackinnon, iliyoundwa Uskoti kisha ikaletwa ziwani vipande vipande, iliteremshwa majini mwaka 1900. Desemba 1901 reli kutoka Mombasa ikafika Kisumu, na nyuma yake zikaja Winifred, Sybil na Clement Hill. Port Bell ikapewa jina la Hesketh Bell, aliyetawala Uganda kwa niaba ya Waingereza tangu 1906 hadi 1909. Hadi reli ilipofika Kampala yenyewe mwaka 1931, pamba ya Uganda na bidhaa za madukani zilivushwa kwa meli hizo. Miamba nayo haikungoja: Novemba 1914, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Sybil iligonga mwamba karibu na Majita, upande wa Wajerumani, na Waingereza hawakuikomboa hadi mwaka uliofuata.

Wakati huohuo ulimwengu ulikuwa ukijifunza kuwasha taa majini bila mtu wa kuiwasha. Msweden Gustaf Dalén alibuni vali iliyozima taa ya gesi jua lilipochomoza na kuiwasha giza lilipoingia, akapata Tuzo ya Nobel ya Fizikia mwaka 1912. Taa ikapata kujiwasha, lakini boya linaloelea na kuibeba halikupata kujitunza. Mnyororo hulika kwa msuguano, dhoruba huburuta uzito wa chini, ndege huchafua taa, na meli huligonga. Boya lililohama ni baya kuliko kutokuwa na boya, kwa kuwa humwelekeza nahodha mwambani huku akiliamini.

Kwa hiyo ilibidi iundwe meli ya kutunza maboya. Mfano wake mashuhuri ulizaliwa kwenye ziwa jingine. Kati ya 1942 na 1944 walinzi wa pwani wa Marekani waliundiwa meli 39 za kuhudumia maboya, na 38 kati yake zilijengwa Duluth, kando ya Ziwa Superior, ziwa pekee la maji baridi linalolizidi Victoria kwa eneo. Zilikuwa na urefu wa mita 55, na sitaha ya mbele iliyo wazi na ya chini ili mabaharia walifikie boya kwa mikono. Juu yake palikuwa na mkono wa winchi wa kunyanyua boya, mnyororo na bonge la zege linalolishikilia. Boya likishapandishwa, hukwanguliwa na kupakwa rangi, pingu zilizolika hubadilishwa, taa hujaribiwa, kisha hurudishwa mahali palepale lilipopimiwa. Meli hizo pia zilivunja barafu, zilizima moto na kuokoa watu. Ya mwisho, Acacia, ilistaafu mwaka 2006. Nyingine zilikuwa zimeshahamia Ghana na Nigeria. Warithi wa meli hizo, wa mita 69, hushika nafasi kwa kompyuta bila nanga na hubeba vifaa vya kukusanya mafuta yaliyomwagika.

Fundisho hilo, kwamba maboya yanahitaji meli ya kuyatunza, linatuhusu. Kuanzia 1948 reli na meli za ziwa letu ziliendeshwa na shirika moja la Afrika Mashariki. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, kila nchi ilibaki na vyombo vyake na mzigo wake. Uganda ikanunua vivuko vitatu vya mabehewa miaka ya 1980: Kabalega, Pamba na Kaawa. Mei 2005 Kabalega na Kaawa ziligongana, na Kabalega ikazama.

Ziwa lenyewe nalo halitulii. Miaka ya 1961 hadi 1964 maji yalipanda zaidi ya mita mbili, na mwaka 2020 yalifikia tena kiwango kile. Mabadiliko kama hayo hubadilisha kina kilichoandikwa ramanini na urefu wa mnyororo unaohitajika. Gugu maji, lililovamia tangu mwishoni mwa miaka ya 1980, hulizonga lolote linaloelea. Na sasa mafuta ya petroli yanavushwa kwa meli kutoka Kisumu kuja Uganda, kwa hiyo chombo kikipanda mwamba, hasara haitaishia kwa mabaharia.

Sheria ya Usafiri wa Ziwa Victoria ya mwaka 2007 imezifunga nchi tatu za ziwa hili kwa kanuni za pamoja, na mradi unaosaidiwa na Benki ya Maendeleo ya Afrika umelenga mawasiliano, vituo vya uokoaji na alama za njia. Hatua hizo ni njema, lakini fedha za mradi hununua boya mara moja, na boya linadai huduma kila mwaka. Kampala, Nairobi na Dodoma zingefanya vyema kuwa na meli moja ya pamoja yenye winchi, vifaa vya uokoaji na vya kuzuia mafuta, ikiwa na mabaharia wa kudumu na fungu lake katika bajeti ya kila nchi. Pasipo hiyo, maboya mapya yatakuwa mapambo ya miaka michache.