Michezo ya Francophonie: nani analipia karamu ya Kifaransa?

Wengi wetu tunaijua Michezo ya Jumuiya ya Madola. Habari za Filbert Bayi na mbio zake za mita 1500 kule Christchurch mwaka 1974 tumezisikia tangu shule ya msingi. Lakini ukivuka mpaka tu, Burundi au Kongo, utakuta majirani zetu wana mashindano mengine ambayo magazeti yetu huwa hayana habari nayo: Michezo ya Francophonie, ya nchi zinazotumia Kifaransa. (Rwanda wajanja, wana mguu kote kote. Walijiunga na Madola mwaka 2009 na huku hawakuaga.)

Wazo lilipitishwa mwaka 1987 kwenye mkutano wa wakuu wa nchi hizo mjini Quebec, na Julai 1989 Moroko wakawa wenyeji wa kwanza, Rabat na Casablanca. Kanada huwa haileti timu moja, inaleta tatu: Kanada, Quebec na New Brunswick. Siasa za lugha hizo.

Kinachonivutia mimi ni kwamba humo msanii naye anagombea medali. Mwimbaji, mchongaji, mpiga picha, msimulizi wa hadithi, wacheza ngoma za asili, wote wanavishwa dhahabu kama mkimbiaji. Usicheke. Hata Olimpiki ilikuwa hivyo kuanzia 1912 hadi 1948, na Pierre de Coubertin, baba wa Olimpiki yenyewe, alijinyakulia dhahabu ya fasihi mwaka 1912 kwa kutumia jina la bandia! Olimpiki wakaitupa sanaa, hawa wakaiokota.

Sasa tuje kwenye pesa, maana ndiko hadithi iliko. Mwaka 2005 michezo ilikwenda Niamey, mji ambako mwaka 1970 ndiko ulikotiwa saini mkataba uliozaa jumuiya hii. Heshima kubwa, sawa. Ila mwaka huohuo Niger ilikuwa imekumbwa na njaa kali.

Michezo ya 2021 ilikuwa iende Moncton na Dieppe, huko New Brunswick, jimbo pekee la Kanada lenye Kiingereza na Kifaransa kama lugha rasmi. Bajeti ya awali ilikuwa dola za Kanada milioni 17. Hesabu ziliporudiwa zikafika karibu milioni 130. Serikali ya jimbo ikasema yenyewe haitatoa zaidi ya milioni 10, na mapema mwaka 2019 ikajitoa. Kama mtu aliyekumbuka ana shughuli nyingine.

Nani akaubeba mzigo? Kinshasa! Mji wenye watu wengi kuliko Paris, katika nchi ambayo wananchi wake wengi bado hawana maji ya bomba. Korona ikaahirisha, maandalizi nayo yakasuasua, na gharama zilizotajwa mwanzoni kuwa dola za Marekani milioni 48 zikapanda hadi kupita milioni 300.

Sehemu ya viwanja ilijengwa Tata Raphaël, palepale ambapo Mobutu mwaka 1974 aliwaleta Muhammad Ali na George Foreman kwa ahadi ya dola milioni tano kila mmoja, ili dunia iione Zaire. Ukitazama vizuri, ni biashara ileile. Na wakati wanamichezo wanawasili, kule Kivu Kaskazini, ambako watu wanaongea Kiswahili kuliko Kifaransa, familia zilikuwa zimelala kwenye maturubai nje ya Goma zikiwakimbia M23.

Hata hivyo siwezi kuwacheka Wakongo. Uwanja wa mazoezi ukijengwa, kijana wa Kinshasa anabaki nao. Mwingine wa kumjengea yuko wapi?

Rais Félix Tshisekedi aliifungua michezo hiyo tarehe 28 Julai 2023, Uwanja wa Mashujaa ukiwa umefurika watu. Uchaguzi mkuu ulikuwa Desemba.