Transista na Alama za Vidole
Kitu cha kwanza mjomba alichonifunza sokoni Hagadera ni kwamba transista ziko za aina mbili, PNP na NPN, na ukiweka moja mahali pa nyingine redio inanyamaza. "Abti, soma namba yake kwanza," aliniambia. Redio bado zinaletwa, hasa za wazee wa BBC Somali, idhaa iliyoanza 1957, miaka kumi hivi baada ya transista kubuniwa Bell Labs, Marekani, Desemba 1947.

Redio ndogo za mwanzo zilitumia sana PNP za jemaniamu. Silikoni ilipokuja, NPN ikashika usukani. Lakini zote mbili, upande wake huamuliwa kiwandani: silikoni inatiwa chembe za boroni au fosforasi, na imeisha hiyo. Fundi hawezi kuibadilisha.

Halafu 2012 watafiti wa Dresden, Ujerumani, wakachapisha habari za transista ya uzi mwembamba wa silikoni usiotiwa chembe hizo, wenye malango mawili. Lango moja linawasha na kuzima. La pili, kwa volti tu, linachagua kipite nini: elektroni, au mashimo yanayobaki elektroni zikiondoka. Geuza volti, na transista ile ile inahama upande, kazi ikiendelea. Nilisoma hayo kwa simu usiku, bando zikiisha, nikacheka peke yangu.

Kicheko chenyewe hakikuwa cha raha. Kambi ya Hagadera ilifunguliwa 1992, watu wakikimbia vita Somalia. Kila ukame ulipobana, kuna Wakenya wa huku Garissa waliopanga foleni ya chakula pamoja na wakimbizi. Wakatoa alama za vidole, wakaandikwa wakimbizi. Ukame wa 2011 nilikuwa mtoto, na mama alinishika mkono kwenye foleni hiyo. Unga ulipatikana. Nilipofika miaka 18 nikaenda kuomba kitambulisho, vidole vyangu vikasema mimi si Mkenya. Cheti cha kuzaliwa kiliniingiza chuo, lakini mkopo wa ada ulitaka kitambulisho. Mwaka wa pili nikarudi kwenye meza ya mjomba.

Nilimweleza habari ya Dresden. Akasikiliza hadi mwisho, akauliza inauzwa pesa ngapi.

"Haijafika sokoni, abti."

Akanisukumia redio nyingine, bisibisi juu yake.